Kesi iliyofutwa inaporejeshwa, je, upande wa pili umesikilizwa?

KUFUTWA kwa kesi ya madai kwa sababu mdai hakufika mahakamani ni jambo la kawaida nchini Tanzania, na kurejeshwa kwake pia si jambo geni. Lisilozungumzwa sana ni hali ya mdaiwa aliyeambiwa kuwa shauri limekwisha, akarudi nyumbani na kuendelea na shughuli zake, kisha siku moja akapokea wito unaomtaarifu kuwa shauri lile lile liko hai.

Kwa watu wa Sumbawanga na nyanda za juu za Ufipa, jambo hilo lina uzito wa pekee. Mahakama Kuu, Kanda ya Sumbawanga, imekuwa kwa miaka mingi tegemeo la wananchi walioenea katika eneo kubwa: wakulima wa mahindi na maharage wa Ufipa, wakulima wa mpunga wa bonde la Ziwa Rukwa, na wavuvi na wafanyabiashara wa mwambao wa Ziwa Tanganyika. Imewahudumia pia watu wa Mpanda, mji ulioko zaidi ya kilomita 200 kutoka Sumbawanga, ambao mwaka 2012 ulikuwa makao makuu ya mkoa mpya wa Katavi.

Mtu wa Kirando au Kasanga aliyeitwa mahakamani saa tatu asubuhi hulazimika kusafiri siku iliyotangulia na kulala mjini. Mtu wa Muze au Mtowisa hana budi kupanda ukingo wa Lyamba lya Mfipa. Kati ya Novemba na Aprili, mvua zinapokolea, safari hiyo haikadiriwi kwa saa.

Kwa hiyo mtu anayeshindwa kufika mahakamani anaweza kuwa mzembe, anaweza kuwa na hila, na anaweza kuwa amepatwa na bahati mbaya tu. Ni kazi ya mahakama kutofautisha hali hizo tatu, na haiwezi kuifanya kazi hiyo kwa haki ikisikiliza upande mmoja peke yake.

Sheria inasema nini

Kanuni ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, Sura ya 33 ya Sheria za Tanzania, ilichota sehemu kubwa ya maneno yake kutoka katika kanuni ya India ya mwaka 1908. Amri yake ya Tisa ndiyo inayoshughulikia kutofika kwa wadaawa, nayo inatofautisha hali mbili ambazo mara nyingi huchanganywa.

Hali ya kwanza ni pale siku ya kusikilizwa shauri inapofika na pande zote mbili hazikutokea. Mahakama inaweza kulifuta shauri, lakini mlango haufungwi. Mdai anaweza kufungua shauri jipya ikiwa muda wa ukomo haujapita, au akaomba lile la awali lirejeshwe.

Hali ya pili ni nzito zaidi. Mdaiwa amefika, mdai hakufika, na mdaiwa hakukiri dai. Hapo shauri hufutwa, na mdai huzuiwa kufungua shauri jipya juu ya madai yale yale. Njia iliyobaki ni kurudi katika mahakama hiyo hiyo, kuomba amri ya kufuta itenguliwe, na kuonyesha sababu ya kutosha iliyomzuia kufika. Akiiridhisha mahakama, sheria inaitaka itengue amri yake, kwa masharti inayoona yanafaa kuhusu gharama, na kupanga siku ya kuendelea na shauri.

Muda wa kupeleka maombi ya kurejesha shauri ni siku 30, kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo ya mwaka 1971, Sura ya 89. Aliyepitwa na siku hizo hana budi kwanza kuomba aongezewe muda, na huko nako atatakiwa kueleza kilichomchelewesha.

Katika hali hiyo ya pili, Kanuni imeongeza sentensi fupi yenye nguvu kubwa: amri ya kurejesha shauri haitatolewa mpaka taarifa ya maombi iwe imefikishwa kwa upande wa pili. Katika hali ya kwanza sharti hilo halikuandikwa kwa namna hiyo. Hata hivyo, kama itakavyoonekana, Katiba ya nchi imeliziba pengo hilo.

Ipo pia tofauti ya maneno ambayo mwananchi wa kawaida huipuuza kwa hasara yake. Kufutwa kwa shauri si sawa na kuondolewa katika orodha ya mahakama kwa sababu ya kasoro za kisheria. Tofauti hiyo iliwekwa bayana na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1959, katika shauri la chama cha ushirika cha Ngoni-Matengo cha kusini mwa Tanganyika. Shauri lililoondolewa kwa kasoro linaweza kuletwa tena likiwa limerekebishwa. Lililofutwa lina njia zake, na anayekosea njia hupoteza siku zake 30 akibisha hodi kwenye mlango usio wake.

Mizani isiyolingana

Umuhimu wa taarifa kwa upande wa pili huonekana vizuri zaidi mtu anapoangalia orodha ya amri zinazoweza kukatiwa rufaa. Amri ya 40 ya Kanuni hiyo inampa mdai haki ya kukata rufaa pale maombi yake ya kurejesha shauri lililofutwa kwa kutofika kwake yanapokataliwa. Haki ya namna hiyo haikuwekwa kwa mdaiwa ambaye maombi hayo yamekubaliwa dhidi yake.

Marekebisho ya sheria ya mwaka 2002 yakakaza zaidi. Uamuzi mdogo ambao haumalizi shauri haukatiwi rufaa wala kuombewa marejeo katika mahakama ya juu mpaka shauri lenyewe lifikie mwisho. Lengo la marekebisho hayo lilikuwa jema, kwani kesi nyingi zilikuwa zikikwama miaka kadhaa kwa rufaa za mambo madogo madogo.

Lakini matokeo yake kwa mdaiwa yako wazi. Shauri likirejeshwa, hana pa kukimbilia mara moja. Anaweza kuiomba mahakama ile ile iitengue amri iliyotolewa bila yeye kusikilizwa, au asubiri shauri liishe, pengine baada ya miaka, ndipo alalamike katika rufaa ya mwisho. Mdai aliyekataliwa anapewa ngazi ya pili. Mdaiwa aliyeshindwa anaambiwa asubiri.

Yawezekana tofauti hiyo ina sababu yake. Aliyekataliwa kurejeshewa shauri amefungiwa mlango moja kwa moja, wakati ambapo aliyerejeshewa mpinzani wake bado ana nafasi ya kujitetea na hata kushinda. Hata hivyo, maana yake ni kwamba siku ya kusikilizwa maombi ya kurejesha ndiyo nafasi pekee ya kweli aliyonayo mdaiwa kusema kuwa sababu zilizotolewa si za kweli, kuwa siku 30 zimepita, au kuwa yapo mambo yaliyokwisha kutendeka kwa kuitegemea amri ya kufuta. Akinyimwa siku hiyo, amenyimwa karibu kila kitu katika hatua hiyo.

Haki ya kusikilizwa

Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano inasema kuwa wakati haki na wajibu wa mtu vinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine, mtu huyo atakuwa na haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na haki ya kukata rufaa au kupata nafuu nyingine ya kisheria.

Mahakama ya Rufani ya Tanzania iliitafsiri ibara hiyo kwa uzito katika shauri la kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts and Transport, lililochapishwa katika taarifa za sheria za mwaka 2003. Majaji walieleza kuwa haki ya asili nchini Tanzania imevuka hadhi ya kuwa kanuni tu iliyorithiwa kutoka sheria za Uingereza, na sasa ni haki ya msingi ya kikatiba.

Katika uamuzi mwingine, wa maombi namba 33 ya mwaka 2002, Mahakama hiyo ilikwenda mbali zaidi. Ilisema kuwa uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika utabatilishwa hata kama uamuzi ule ule ungefikiwa iwapo angesikilizwa. Kwa maneno mengine, hakimu hawezi kujitetea kwa kusema kuwa mdaiwa hakuwa na la maana la kueleza.

Msingi huo unamlinda mdai vile vile. Shauri halipaswi kufutwa iwapo mdai hakupata taarifa ya siku ya kusikilizwa. Mahakama zimewahi pia kukumbusha kuwa siku ya kutajwa shauri si siku ya kulisikiliza, na haifai kulifuta kwa sababu mdai hakuonekana siku ambayo lilipangwa kutajwa tu. Mdai aliyefutiwa shauri kwa namna hiyo ana hoja nzito kuliko ya gari kuharibika au homa ya ghafla.

Taarifa inapopotea njiani

Chukua mfano wa kubuni. Mkulima wa bondeni amemshitaki mfanyabiashara wa mjini Sumbawanga kuhusu shamba. Siku ya kusikilizwa mfanyabiashara anafika, mkulima hafiki. Shauri linafutwa. Wiki tatu baadaye mkulima anapeleka maombi, akiapa kuwa mto ulifurika na njia ikakatika. Wakati huo mfanyabiashara amekwenda Mpanda kununua mazao. Mpeleka wito anafika dukani, anamkabidhi karatasi kijana aliyemkuta, na anaondoka. Kijana anaisahau. Siku ya maombi mfanyabiashara hayupo, mahakama inaamini kuwa ametaarifiwa, na shauri linarejeshwa.

Katika mfano huo hakuna mtu mwovu. Mkulima huenda amesema kweli, na hakimu amefuata karatasi iliyo mbele yake. Kosa limekaa katikati, mahali ambapo macho ya mahakama hayafiki: mikononi mwa aliyepeleka taarifa.

Geuza mfano. Mfanyabiashara ndiye mdai, anaishi hatua chache kutoka mahakamani, na mkulima ndiye mdaiwa. Mkulima amepanda ukingo mara nne kuhudhuria shauri linaloahirishwa. Mara ya tano mdai hatokei na shauri linafutwa. Mkulima anarudi kijijini akiamini shamba ni lake, anapanda mahindi. Miezi miwili baadaye anasikia kwamba shauri limerejeshwa mjini, na kwamba wito wake ulibandikwa mahali ambapo yeye hapiti.

Mifano hiyo miwili inaonyesha kwamba kanuni ya taarifa haina upande. Anayefaidika nayo leo akiwa mdaiwa ndiye atakayeililia kesho akiwa mdai.

Sheria inamtaka mpeleka wito aeleze kwa kiapo namna alivyoifikisha taarifa. Kiapo hicho kinapaswa kusomwa kwa makini. Nani alipokea? Ana uhusiano gani na mdaiwa? Je, kiongozi wa kijiji alishuhudia? Maswali hayo huchukua dakika chache, lakini yanaweza kuokoa miaka ya rufaa.

Sababu ya kutosha

Kuhusu sababu yenyewe, mahakama za Afrika Mashariki zina mapokeo ya muda mrefu. Katika shauri mashuhuri la Shah dhidi ya Mbogo lililoamuliwa Kenya mwaka 1967, ilielezwa kuwa hiari ya mahakama kutengua amri iliyotolewa upande mmoja ukiwa haupo imekusudiwa kuepusha dhuluma inayotokana na ajali, kupitiwa au kosa linalosameheka. Haikukusudiwa kumsaidia mtu aliyedhamiria kukwepa au kuchelewesha haki.

Nchini Tanzania kipimo kimekuwa kikali. Katika shauri la kiwanda cha nguo cha Calico la mwaka 1983, uzembe wa wakili haukukubaliwa kuwa sababu ya kuongeza muda wa rufaa. Katika shauri la kampuni ya ujenzi ya Lyamuya, maombi namba 2 ya mwaka 2010, Mahakama ya Rufani iliorodhesha mambo ya kuangaliwa: mwombaji aeleze kipindi chote cha ucheleweshaji, ucheleweshaji usiwe wa kupindukia, aonyeshe bidii, na iwapo ipo hoja nzito ya uvunjaji wa sheria, nayo izingatiwe. Katika uamuzi mwingine ilielezwa kuwa hata siku moja ya kuchelewa inahitaji maelezo.

Ushahidi nao una masharti. Anayedai kuwa alipotoshwa na karani au alizuiwa na mtu mwingine anapaswa kuleta kiapo cha mtu huyo, kama ilivyoelekezwa katika maombi namba 31 ya mwaka 2000. Kusema tu kwamba karani aliniambia shauri limeahirishwa hakutoshi.

Vipimo hivyo ni vya haki, lakini havina maana ikiwa upande wa pili haupo kuvipima. Hakimu hajui kama mto ulifurika siku ile. Jirani wa mwombaji anajua, na huenda jirani huyo ndiye mdaiwa.

Mashauri mengi ya ardhi katika mkoa wa Rukwa yamepitia Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya mjini Sumbawanga. Kanuni za mwaka 2003 zilizoongoza mabaraza hayo zilimpa aliyefutiwa maombi yake siku 30 kuomba amri hiyo itenguliwe, na zikaliachia baraza kufanya hivyo iwapo litaona inafaa. Akikataliwa, angeweza kukata rufaa Mahakama Kuu. Palipo na uhuru mpana namna hiyo wa kuamua, kusikiliza pande zote na kuandika sababu huwa na umuhimu mkubwa zaidi.

Je, taarifa ni ufundi tu wa kisheria?

Wapo watakaosema kuwa masharti haya ni vikwazo vya kiufundi. Watataja Ibara ya 107A ya Katiba, iliyoingizwa mwaka 2000, inayozitaka mahakama zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi. Watataja pia marekebisho ya mwaka 2018 yaliyoweka katika Kanuni lengo kuu la kutoa haki kwa wepesi, kwa gharama nafuu na bila kuchelewa.

Hoja hiyo ina ukweli kwa upande mmoja. Mdai maskini asipoteze shamba kwa sababu ametaja kifungu kisicho sahihi katika maombi yake. Lakini taarifa kwa upande wa pili haimo katika kundi la masharti ya kiufundi. Ibara hiyo hiyo ya 107A inaanza kwa kuzitaka mahakama zitende haki kwa wote bila kujali hali ya mtu kijamii au kiuchumi. Mahakama inayorejesha shauri haraka bila kumsikiliza mdaiwa imeokoa wiki mbili na kupanda mbegu ya rufaa itakayochukua miaka, mwisho wake ukiwa kubatilishwa kwa kila kilichofuata.

Baada ya kurejeshwa

Amri ya kurejesha haimalizi wajibu wa mahakama. Iwapo mdaiwa hakuwapo wakati inatolewa, anapaswa kutaarifiwa siku mpya ya shauri, vinginevyo hatari ni kwamba mdai aliyesamehewa kutofika atapata hukumu ya upande mmoja dhidi ya mtu asiyejua kuwa kesi imefufuka.

Zipo pia athari za kati. Zuio la muda alilokuwa nalo mdai, kwa mujibu wa Amri ya 37, haliwekwi kwa zaidi ya miezi sita kwa mara moja, na hata likiongezwa jumla yake haipaswi kuzidi mwaka mmoja. Shauri likifutwa na kurejeshwa baada ya miezi kadhaa, zuio hilo linaweza kuwa limekwisha, na shamba limeuzwa kwa mtu wa tatu asiye na hatia. Amri ya kurejesha inayokaa kimya juu ya mambo hayo huzaa kesi mpya ndani ya kesi ya zamani.

Gharama nazo zinahitaji busara. Mdaiwa aliyesafiri bure anastahili kufidiwa nauli na malazi yake. Lakini gharama zikiwekwa kubwa kupita uwezo wa mdai wa kijijini, mlango uliofunguliwa kwa mkono mmoja utakuwa umefungwa kwa mwingine.

Hatua zilizochukuliwa katika miaka ya karibuni zinaweza kusaidia. Tangu mwaka 2018 zimekuwapo kanuni za kufungua mashauri kwa njia ya mtandao. Mwaka 2021 sheria iliifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, jambo linalompa mwananchi nafasi ya kusoma mwenyewe wito na amri inayomhusu. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria, ambao ingawa hawaruhusiwi kumwakilisha mtu mahakamani, wanaweza kumweleza maana ya siku 30.

Hata hivyo, mtandao haumfikii kila mtu aliye chini ya ukingo wa Lyamba lya Mfipa. Ujumbe wa simu kwa mdaiwa, nakala kwa ofisi ya mtendaji wa kijiji, na tarehe zinazopangwa kwa kuzingatia msimu wa mvua ni mambo yasiyohitaji sheria mpya. Yanahitaji hakimu anayeuliza, kabla ya kurejesha shauri, kama mtu atakayebeba mzigo wa amri hiyo ameitwa kweli, na kama aliitwa kwa njia ambayo ingeweza kumfikia.

Mdai aliyepatwa na bahati mbaya anastahili kurejeshewa shauri lake. Mdaiwa naye anastahili kusikilizwa kabla halijarejeshwa. Mahakama inayompa mmoja haki yake kwa kumnyima mwingine ya kwake itajikuta, baada ya miaka, ikianza shauri lile lile upya.